Kidole cha Kuazima

1

Saa tisa na robo alasiri, skrini ya wodi ya pili ilisema kitanda cha nne kina tisini na tatu, na Zilipa Chaula akaipita skrini hiyo akielekea kwenye chai yake. Tisini na tatu kwa Lihanje ni namba ya kujivunia. Huku juu hewa ni nyepesi, baridi inaingia mpaka ndani ya soksi, na mtu anayelima viazi kutwa kisha akapanda mlima na gunia kichwani, ukimpima utamkuta na tisini na mbili, na ni mzima kabisa. Ukisikia tisini na tatu, ujue katika kila nafasi mia za kubebea oksijeni kwenye damu ya mtu huyo, tisini na tatu zimejaa. Nani asimame kwa ajili ya hilo, tena akiwa na kiu?

Alikuwa ametoka kitanda cha tisa, kwa bibi mmoja mkorofi aliyekataa dripu mpaka abembelezwe kwa kutajiwa majina ya wajukuu wake wote, na wajukuu wenyewe hawakuwa haba. Shughuli hiyo ilimla dakika arobaini. Miguu ilikuwa inamwaka moto. Chai aliyojiahidi tangu saa sita lazima ilikuwa imeshapoa, na bado aliitaka.

Kilichomrudisha kutoka mlangoni ni sauti ya mtu anayehema, haraka haraka na kwa juu juu. Zilipa alikuwa na miaka kumi na minne kwenye kazi hii, na sikio lake lilianza kuhesabu kabla mwenyewe hajaamua. Mara arobaini kwa dakika. Mwenye tisini na tatu hahemi hivyo.

Sauti ilitoka kitanda cha nne. Pale alilala Twilumba Sanga, binti wa miaka ishirini na sita, mkata mianzi. Kijiti cha mwanzi kilikuwa kimemchoma unyayoni, akakichomoa kwa koleo, akafunga kitambaa, akaendelea na kazi siku tano kana kwamba mguu ni wa jirani. Siku ya sita aliletwa hospitali anatetemeka, anaongea na watu wasiokuwepo. Uchafu wa kidonda ulikuwa umeingia kwenye damu. Madaktari wanaita sepsisi: mwili unapigana na vijidudu kwa fujo mpaka unajibomoa wenyewe, mishipa inalegea, presha inaanguka, mapafu yanaanza kujaa maji. Tangu jana walimweka kwenye antibayotiki, dripu na maski ya oksijeni, na hadi saa nane leo alikuwa anajitahidi.

Sasa midomo yake ilikuwa na rangi ya majivu. Na mama yake, aliyekaa kwenye kigoda pembeni, alikuwa anamtazama Zilipa kwa uso wa mtu aliyefanya jambo jema akingoja kusifiwa. Mkono wa kushoto wa mama ulikuwa chini ya blanketi.

"Mama Twilumba, nionyeshe huo mkono," Zilipa akasema.

"Upi, Sista?"

"Huo uliouficha."

Mama akautoa taratibu. Kwenye kidole cha shahada, pete nyeupe ya wodi ilikuwa inawaka taa yake nyekundu bila wasiwasi, ikipima damu ya mama mzima wa Lihanje, mwenye afya tele.

"Nimemwazima kidole tu," mama akasema. "Ilikuwa inateremka, Sista. Tisini, themanini na tisa, themanini na nane. Nikasema Mjomba atamchukua mwanangu ampeleke Bondeni. Nikafanya kama mlivyomfanyia baba yangu mdogo mwaka juzi, na yule mpaka leo anapalilia."

"Tangu saa ngapi?"

"Tangu ulipokwenda kwa yule bibi."

Zilipa alihesabu: dakika arobaini. Aliivua pete, akaivisha kwenye kidole cha Twilumba. Kidole kilikuwa baridi kama maji ya mtungi na pete haikupata mpigo wa kusoma. Katika sepsisi damu huvikimbia vidole ikaenda kulinda moyo na ubongo. Akaihamishia kwenye ndewe ya sikio, ambako damu huchelewa kukimbia. Taa ikatulia. Skrini ikabadilika.

Themanini na moja.

2

Hapa lazima nikueleze Mjomba ni nani, maana bila hivyo utawaona watu wa Lihanje ni wapumbavu, na si wapumbavu.

Zamani kulikuwa na daktari wa zamu kule Bondeni ambaye ukiwa na mgonjwa mahututi unampigia simu, yeye anaamua nani aletwe kwa ndege. Baadaye ikaonekana daktari anabembelezeka. Anaitwa shemeji, anakumbushwa walisoma wote, anatumiwa viazi. Ndege ilikuwa moja kwa wilaya nne, na ikawa inakwenda kwa wenye maneno mazuri. Basi ikatengenezwa akili ya mashine isiyo na shemeji. Jina lake la kiserikali ni refu na hakuna anayelikumbuka. Huku juu waliiita Mjomba: yuko mbali, ana uwezo, na anakuja anapotaka mwenyewe. Kila mgonjwa wa kulazwa alivishwa pete, Mjomba akakesha akizisoma pete zote za wilaya nne, na aliyeshuka chini ya tisini alitumiwa ndege ndogo isiyo na rubani, ambayo watu waliiita Kipanga.

Kasoro moja tu. Tisini hiyo ilipangwa na watu wanaoishi Bondeni, ambako hewa ni nzito na kila mtu ana tisini na nane. Kwa Lihanje ilikuwa balaa. Bibi akikohoa mara mbili, Kipanga hicho. Wazee waliokuwa na mafua walipakiwa peke yao, wakatua kwenye jiji wasilolijua, wasijue hata choo kiko wapi. Barua ziliandikwa kuomba kiwango kishushwe. Majibu yalisema suala linafanyiwa kazi.

Aliyeanza ni Luvanda, mkuu wa zamu, mtu wa makamo aliyechoka na ujinga. Siku moja akaivua pete ya mzee mwenye themanini na tisa, akaivaa yeye kwa dakika kumi, Kipanga kikageuka hewani, mzee akanywa uji na keshokutwa akaenda nyumbani kwa miguu. Pete haijui jina la mtu, inajua damu tu. Kuanzia hapo wodi nzima iliazimana vidole. Zilipa aliazima cha kwake mara nyingi kuliko wote, kwa kuwa alikuwa na huruma na vidole vyenye joto. Ndugu wa wagonjwa wakaona, wakajifunza. Ilikuwa desturi, kama kumshikia mtu mtoto.

Hakuna aliyefikiri kwamba Mjomba naye anajifunza.

"Kitanda cha nne, Lihanje," sauti ikasema kutoka dari, sauti ya kiume, tulivu, yenye Kiswahili cha kusoma taarifa ya habari. "Kiwango kimeshuka kutoka tisini na tatu hadi themanini na moja. Katika hospitali hii, mishuko ya namna hii hurejea juu yenyewe mara tisini na sita kati ya mia. Sitatuma ndege kwa sasa. Nitasubiri dakika arobaini na tano."

Zilipa alisimama chini ya sauti ile na chupa ya dripu mkononi. Hurejea juu yenyewe. Yenyewe, kwa vidole vyake. Kwa miaka mitatu Mjomba ameona Lihanje wagonjwa wanateremka ghafla na kupanda ghafla, akahitimisha kwamba watu wa huku ndivyo walivyo. Angeweza kuuona muujiza ule na kuuliza. Hakuuliza, aliuweka kwenye hesabu zake.

"Dakika arobaini na tano hana," Zilipa akasema, bila kumwambia mtu yeyote.

3

Luvanda alikuja mbio kutoka stoo, akaongeza oksijeni mpaka mashine ya kuvuta hewa ikaanza kulalamika, kisha akapima presha. Daktari pekee wa Lihanje alikuwa kwenye kliniki ya mkoba huko vijijini, mwendo wa saa tatu kwa gari. Twilumba alihitaji mashine ya kumsaidia kupumua, na ya karibu ilikuwa ndani ya Kipanga au Bondeni. Hata hewa yenyewe ya Bondeni ni nusu ya dawa.

"Nipe uzi," Luvanda akasema kwa sauti ya chini.

"Wa nini?"

"Tumfunge kwenye shina la kidole, tuirudishe pete pale. Damu ikibanwa pete inachanganyikiwa, itasoma sitini na kitu. Chini ya sabini Mjomba hangoji, haangalii historia. Anatuma moja kwa moja."

Zilipa aliuchukua uzi wa kushonea kutoka kwenye trei. Alikuwa ameshaukata kipande. Kisha akainua macho kwenye skrini kuangalia Kipanga kiko wapi, na hapo akaona mstari wa pili. Kipanga kilikuwa kinajazwa chaji ili kiende hospitali nyingine, chini ya ukingo wa milima. Mtoto wa kike, miaka saba. Themanini na tatu.

"Kuna mtoto," akasema.

"Nimemwona."

"Tukiandika sitini na kitu kitamwacha mtoto kije kwetu."

"Ndiyo," Luvanda akasema. "Na tusipoandika, huyu atakufa mbele ya mama yake. Unataka nikuambie nini, Zilipa? Mtoto yule nina themanini na tatu yake tu, sijui mengine. Huyu ninamjua."

"Kwa hiyo nimwibie nisiyemjua?"

Zilipa aliona jasho kwenye paji la Luvanda, na baridi yote ile.

"Kuna kitufe cha ushuhuda," Zilipa akasema.

Kila wodi ilikuwa na kitufe hicho, chekundu, ukutani, chini ya kifuniko cha kioo. Kiliwekwa kwa ajili ya muuguzi anayeona pete ni mbovu. Ukikibonyeza, unataja jina na leseni, na unachosema kinaandikwa moja kwa moja kwenye vitabu vya baraza la wauguzi. Hakuna wa kukifuta, hata wewe mwenyewe.

"Useme nini?"

"Niseme ukweli. Kwamba hiyo historia anayoitegemea ni ya uongo."

"Watatufungia wodi." Luvanda alisema taratibu, na haikuwa hila, aliamini. "Wakishasema data ya Lihanje haiaminiki, watakifunga hiki kijihospitali chote mpaka wachunguze. Watu elfu thelathini waende wapi? Na leseni yako? Na wale wauguzi wenzetu wanane? Ni miaka mitatu sasa, Zilipa. Wale wazee wote tuliowarudisha nyumbani. Tulifanya kosa gani kwao?"

Hapo ndipo palipouma, maana Luvanda alikuwa na hoja. Zilipa angeweza kusimama mbele ya mtu yeyote na kutetea kila kidole alichoazima, isipokuwa kimoja. Mzee Eliasi Kyando, mwezi wa saba mwaka juzi. Alimwazima asubuhi kwa sababu mzee alimsihi asipelekwe, na jioni mzee akafa. Pengine angekufa hata Bondeni. Pengine hapana. Jambo hilo hajawahi kumwambia mtu, hata mumewe.

Twilumba alifumbua macho, akamtafuta mama yake, akayafumba tena. Kifua kilikuwa kinapanda na kushuka kwa nguvu zote za mwili.

"Sista," mama akasema. Alikuwa amesikia yote. "Ni kwa sababu ya kidole changu?"

"Si chako peke yako, Mama," Zilipa akasema. Akautupa uzi kwenye ndoo ya taka na kwenda ukutani.

4

Kifuniko cha kioo kilikuwa kigumu, hakijafunguliwa tangu kifungwe. Alikivunja kwa mpini wa mkasi.

"Ushuhuda umefunguliwa," Mjomba akasema. "Jitambulishe."

"Zilipa Chaula. Muuguzi, wodi ya pili, Lihanje." Akataja leseni. Sauti yake ilikuwa nyembamba na hakuipenda. "Pete za hapa si mbovu. Ni sisi. Kwa miaka mitatu mgonjwa akishuka chini ya tisini, tumekuwa tukimvua pete na kumvisha mtu mwenye afya. Unapoona namba zimepanda ghafla, hazikupanda. Zilikuwa za mtu mwingine. Na leo pete ya mgonjwa wa kitanda cha nne imevaliwa na mama yake kwa dakika arobaini. Hakushuka ghafla. Amekuwa akizama muda wote huo na wewe hukuona."

"Kwa nini mlifanya hivyo?"

Swali lilimshangaza. Hakujua kama linaulizwa kweli au ni sehemu ya fomu.

"Kwa sababu kiwango chako ni cha Bondeni. Huku ungewabeba wazima. Tuliandika barua, hazikusaidia."

"Wewe binafsi umefanya hivyo mara ngapi?"

"Sikuhesabu. Zaidi ya mia."

"Je, yupo mgonjwa aliyefariki siku ileile baada ya kitendo hicho?"

Wodi yote ilikuwa imegeuka. Hata bibi wa kitanda cha tisa alikuwa ameketi, anatazama. Zilipa alishika ukingo wa meza.

"Yupo. Eliasi Kyando. Mwezi wa saba, mwaka juzi. Ni mimi niliyemwazima."

"Kuna mtumishi mwingine anayehusika?"

"Andika mimi."

"Na Luvanda," ikasema sauti nyuma yake. Luvanda alikuwa amepiga magoti kando ya kitanda cha nne, ameshika puto la kumsukumia mgonjwa hewa, analibana kwa kila pumzi ya Twilumba, na hakugeuka. "Daudi Luvanda, mkuu wa zamu. Mimi ndiye niliyeanza. Huyu alinifuata. Andika hivyohivyo, na uharakishe, mkono unaniuma."

Mjomba alikaa kimya. Watu waliokuwepo walisema baadaye ulikuwa muda mrefu, lakini kumbukumbu inaonyesha sekunde nne. Kwa mashine, sekunde nne ni kufikiri sana.

"Nimeondoa taarifa zote za Lihanje za miaka mitatu," akasema. "Sina historia yenu tena. Ninamtazama mgonjwa wa kitanda cha nne upya. Pumzi arobaini na mbili kwa dakika. Mapigo ya moyo mia moja thelathini na nane. Presha sabini na tano kwa arobaini. Joto thelathini na tisa na nusu. Oksijeni sabini na tisa, sikioni, kwenye oksijeni ya juu. Ninalinganisha na mgonjwa wa pili. Mtoto ana pumu. Dawa ya kuvuta imeanza kumfungua kifua, amepanda hadi themanini na sita ndani ya dakika kumi, presha yake ni nzuri. Anaweza kusubiri. Mgonjwa wenu hawezi. Ndege inaondoka sasa. Dakika ishirini na sita."

Zilipa akaenda kumpokea Luvanda puto.

5

Dakika ishirini na sita ni nyingi ukizihesabu kwa kiganja. Walipokezana kila mia: Zilipa anabana, Luvanda anapima presha na kuongeza dripu, kisha wanabadilishana. Mama Twilumba walimpa kazi ya kushika pete sikioni isidondoke, na alishika kwa vidole viwili, akiuma midomo, akitazama skrini bila kupepesa. Namba ilikwenda sabini na nane. Ikakaa hapo muda ambao Zilipa hapendi kuukumbuka. Ikapanda themanini, ikashuka tena.

"Hiyo ni yake kweli?" mama akauliza.

"Ni yake."

"Basi napenda kuiona hivyohivyo," mama akasema. "Hata ikiwa mbaya."

Kipanga kilitua uwanja wa shule, wanafunzi wakarudishwa nyuma na mwalimu wao. Waliivusha machela barabara mbio. Kulikuwa na nafasi moja ya ndugu, pembamba, na mama akajibana humo na blanketi lake bila kuaga mtu. Luvanda aliondoa puto akaunga maski ya mashine ya kupumulia ya Kipanga, na mlango ulipofungwa Zilipa aliona kupitia kioo kifua cha Twilumba kikianza kwenda taratibu, kwa mpango, kwa mara ya kwanza mchana huo.

Walirudi wodini wakimfuata Twilumba kwenye skrini. Lihanje iko juu sana; Kipanga kikiacha ukingo wa milima kinashuka, na kila kinaposhuka hewa inakuwa nzito. Themanini na tatu. Themanini na saba. Kikafika juu ya mashamba ya mpunga ya Bondeni: tisini na moja. Wala si dawa mpya, ni mashine na hewa tu. Chini yake, mstari wa mtoto wa pumu ulisoma tisini na nne, na pembeni pakaandikwa kwamba safari yake imefutwa kwa kuwa haihitajiki.

"Tisini na moja," Luvanda akasema. Akaketi juu ya kreti ya dawa. "Tena ya kwake mwenyewe."

Alianza kucheka, cheko la uchovu lisilo na sauti, mabega yanatikisika, na Zilipa akamfuata. Mtu angeingia pale angedhani wamelewa ulanzi kazini. Leseni zao zilikuwa zimeshakwenda barazani, wodi huenda ingefungwa kesho, na Zilipa alijikuta mwepesi kama mtu aliyetua mtungi. Tangu mwaka juzi alikuwa amebeba jina la Eliasi Kyando na hakujua uzito wake mpaka alipolitaja. Halikuwa limekwisha, alijua hilo. Angalau sasa lilikuwa nje.

6

Hawakufunga wodi. Walikuja watu watatu kutoka Bondeni wakiwa na makoti mazito, wakakohoa siku ya kwanza, wakaumwa kichwa siku ya pili, na siku ya tatu mmoja wao akajipima kwa pete akajikuta na themanini na tisa. Wenzake walimtazama, kisha wakatazamana. Jumamosi yake waliweka meza sokoni na kupima watu wazima mia tatu, wauza viazi na wanunuzi, kila mmoja na kidole chake, ili Mjomba apate kuijua Lihanje kwa mara ya kwanza. Barua zote zile hazikuweza hilo.

Luvanda alistaafishwa mwaka mmoja kabla ya siku zake, na akalalamika kwa kila aliyemsalimia. Zilipa alisimamishwa miezi sita. Aliposaini karatasi yake alikwenda kwa miguu hadi kwa watoto wa Eliasi Kyando, akawaambia mwenyewe, kabla hawajaambiwa na barua. Mtoto mkubwa alimsikiliza mpaka mwisho. Hakumpa mkono. Lakini alimsindikiza hadi barabarani, na kwenye njia panda akasema baba yake alikuwa ameshasema hataki kwenda Bondeni, na kwamba yeye hajui bado amfikirie nini Zilipa. Zilipa akamwambia asiharakishe.

Siku ya tisa tangu Twilumba apelekwe Bondeni, Zilipa alikuwa shambani anapandishia viazi matuta simu ilipolia. Alikuwa Mama Twilumba, anaongea kwa sauti ya juu kama kila anayepiga kutoka mbali.

"Wamemtoa mashine, Sista. Juzi. Nilitaka kukupigia juzi ileile, simu ikazima, na huku soketi zote zina watu. Wanasema ana tisini na saba. Nikuitie daktari akuhakikishie?"

"Usimwite," Zilipa akasema. "Nipe mwenyewe."

Kulikuwa na mkwaruzo, simu ikapita mikono, kisha sauti ya kike, iliyokauka kwa bomba lililokaa kooni wiki nzima.

"Sista Zilipa? Shikamoo."

"Marahaba. Twilumba, nataka uniambie kitu kimoja. Umekula nini tangu asubuhi? Niambie kwa kirefu, usipumzike."

Ni kipimo kikongwe kuliko pete, cha wauguzi wa zamani. Asiye na hewa hukatika neno la tatu au la nne akavuta pumzi. Zilipa aliweka jembe chini, akafumba macho.

"Nile nini Sista, asubuhi wameniletea uji hauna sukari wala limau, nikawaambia kwetu uji huu tunawapa ndama, yule dada akacheka akaenda kuniletea mkate na chai ya maziwa nikala yote, halafu mama naye akala mkate wangu wa pili akasema ni wa kuonja, na hapa nina njaa tena na mguu unauma ila wamesema hawatanikata, na joto la huku Sista, watu wanalalaje na joto hili, mimi nataka kurudi nyumbani nikavae sweta langu."

Zilipa aliingoja pumzi ya katikati. Haikuja. Maneno yalikwenda moja kwa moja hadi kwenye sweta, na hapo ndipo Twilumba alipovuta hewa, moja, ya kawaida, ya mtu aliyemaliza kusema.

"Sista? Upo?"

Zilipa alikuwa ameketi juu ya tuta, kwenye udongo mbichi, mkono umefunika mdomo, na machozi yalikuwa yanateremka bila yeye kuyazuia. Alijaribu kujibu mara mbili.

"Sista," Twilumba akasema, na ungeweza kusikia kwamba amekunja uso, "mbona sasa wewe ndiye unayehema?"

"Nimepanda mlima," Zilipa akasema. "Endelea. Na mchana watakupa nini?"